Kabati la mninga na rangi nyeupe: namna ya kuzuia madoa mekundu yasirudi

Kabati lilikuwa la mama. Mninga mtupu, milango miwili, lilitengenezwa Keko, Dar es Salaam, mwaka 1994 pamoja na kitanda na dresingi tebo. Fundi alilipaka ile rangi ya mahogani iliyokuwa fasheni enzi hizo, kisha vanishi juu. Mwaka jana likahamia Tabata kwa kaka, na wifi akasema chumba chao kina dirisha moja na lile dude jeusi linakifanya kama stoo. Anataka jeupe. Kaka akaja juu: mninga unapakwaje rangi? Moyoni nilikuwa upande wa kaka, lakini anayelala humo ni wifi, na mwenye brashi ni mimi.

Kama mninga wako haujawahi kupakwa rangi ya kubadilisha sura na mbao ni nzima, usiufunike. Ondoa vanishi ya zamani, paka mpya, utashukuru. Mwongozo huu ni wa fanicha zilizokwisha kutiwa rangi nyekundu au nyeusi, zenye mikwaruzo, au zenye mabaka ya vikombe vya chai.

Hatua ya 1: Fungua

Toa milango, bawaba, vitasa na droo. Andika namba kwa penseli chini ya kila droo, kwa sababu droo za fundi wa mkono hazilingani hata siku moja. Kitanda kikague kwenye maungio kama kuna kunguni. Ukiwakuta, shughulika nao kwanza. Na ukiona unga laini chini ya mguu wa kabati ujue mbao inabunguliwa, nayo haitapona kwa kupakwa rangi.

Hatua ya 2: Osha

Maji ya uvuguvugu, sabuni, kitambaa. Kausha kivulini. Sehemu za karibu na vitasa zirudie, ndiko mafuta ya mikono yalikojaa. Kama mwenye fanicha alikuwa anaipulizia dawa ya kung'arisha, futa pia kwa tapentaini, la sivyo rangi itakimbia na kuacha vitundu kama macho ya samaki.

Hatua ya 3: Piga msasa

Namba 120 pale palipochunika, 180 kwingine kote, ukifuata nyuzi za mbao. Huhitaji kufika kwenye mbao tupu, ua mng'ao tu. Vaa barakoa, maana vumbi la mninga linawasha pua na ngozi. Kama kitu ni cha zamani na kina rangi usiyoijua, kipige msasa kikiwa na unyevu na watoto wawe mbali, kwa sababu rangi za zamani zinaweza kuwa na madini ya risasi. Mashimo ziba kwa puti ya mbao, ikikauka sawazisha.

Hatua ya 4: Funga wekundu (hapa ndipo nilipopoteza siku tatu)

Ijumaa jioni nilipaka andakoti, ile rangi ya chini inayotangulia rangi yenyewe. Jumamosi asubuhi mlango una mabaka ya pinki. Nikasema rangi imekuwa nyepesi, nikapaka mkono wa pili. Mchana, pinki. Mkono wa tatu, wa nne. Jumapili wifi akasimama mlangoni na chai yake: "Wifi, mbona kama linatoka damu?" Sikuwa na jibu.

Tatizo halikuwa wepesi wa rangi. Rangi ya mahogani ya zamani huyeyuka tena ikikutana na kimiminika kilichomo kwenye rangi mpya, kisha hupanda nacho juu kinapokauka. Mninga wenyewe nao una utomvu mwekundu unaoweza kufanya hivyohivyo. Ukipaka mikono kumi, itapanda mara kumi. Inabidi uweke tabaka la kuizuia, na mimi baada ya mateso yote naamini kitu kimoja: shelaki.

Shelaki ni magamba ya rangi ya asali yanayotokana na utomvu wa vidudu vya India na Thailand. Mafundi wa zamani waliyayeyusha kwenye spiriti kupata polishi. Ulizia kwenye maduka ya vifaa vya useremala.

Kwanza pima kama unaihitaji. Chukua kitambaa cheupe, kiloweshe spiriti, sugua mgongoni mwa kabati. Kikigeuka chekundu, usibishane, funga. Kikibaki cheupe, paka tone la rangi yako mpya mahali pa siri na uliache mpaka kesho yake. Mimi sikufanya hata kimojawapo.

Vipimo: gramu 120 za magamba kwa nusu lita ya spiriti, kwenye chupa ya kioo au plastiki, usiku kucha, ukitikisa kila ukikumbuka. Asubuhi utaona tope jeupe limekaa chini. Hiyo ni nta. Mimina kile cha juu kilicho angavu na nta uiache, kwa sababu rangi haishiki vizuri juu ya nta.

Spiriti iwe safi. Iliyochakachuliwa kwa maji huacha ukungu mweupe, na ukungu huohuo utaupata ukipaka siku ya mvua. Usifanye kazi hii masika kama unaweza kungoja. Shelaki iliyokaa chupani miezi mingi haikauki sawasawa: tone moja kwenye kioo, likibaki linanata baada ya saa chache, mwaga. Na spiriti inawaka, kwa hiyo jiko lizimwe na madirisha yawe wazi.

Unapopaka, pita mara moja na usirudi nyuma. Spiriti iliyomo kwenye shelaki inaweza kuyeyusha rangi ya zamani iliyo chini yake, ukisuguasugua unaukoroga ule wekundu mwenyewe. Mkono wa kwanza utaonekana umechafuka pinki kidogo. Usiogope. Subiri saa moja, paka wa pili. Huo ndio unaozuia.

Halafu kuna kosa ambalo fundi mmoja aliniokoa nalo dukani: andakoti ya mafuta juu ya shelaki izimuliwe kwa tapentaini, si kwa tina kali ya vanishi za kupuliza. Tapentaini haiyeyushi shelaki. Hiyo tina inaweza kuilainisha, na utarudi Ijumaa jioni.

Hatua ya 5: Andakoti

Mkono mmoja, siku nzima ikauke, msasa namba 320 kidogo.

Hatua ya 6: Rangi yenyewe

Watu wengi hununua rangi ya mafuta ya kung'aa kwa mazoea. Kwa nyeupe mimi siitaki: hugeuka manjano mahali pasipofika mwanga, na ndani ya kabati ndiko kusikofika mwanga. Ya ukutani nayo usiilete, inanata, milango itagandana na fremu. Chukua rangi ya maji iliyotengenezwa kwa ajili ya mbao na chuma, yenye mng'ao wa wastani.

Kabati la upana wa mita 1.2, urefu 1.8 na kina 0.6 lina kama mita za mraba 4.3 mbele na ubavuni. Mikono miwili ni 8.6, kwa hiyo lita moja yatosha na inabaki. Tumia rola ndogo ya sponji ya inchi 4 kwa bapa, brashi ya inchi 2 kwa pembe, milango ikiwa imelala ili rangi isichuruzike. Vijana watakwambia upulizie kwa kompresa. Chumbani kwa mtu? Hapana. Bora ununue brashi moja nzuri kuliko tatu zinazopukutisha nywele.

Pembeni mwa droo usipake chochote. Sugua mshumaa, zitateleza.

Hatua ya 7: Rudisha

Rangi ikikauka mkononi haijakomaa bado. Milango ya wifi tuliiacha wazi wiki moja, na juu ya dresingi tebo hapakuwekwa kitu wiki mbili. Usitandike magazeti ndani, yanagandia.

Kaka alikubali kwa sharti moja: uso wa juu wa dresingi tebo ubaki mninga. Tukauchuna mpaka mbao tupu, tukaupaka vanishi. Ndiyo sehemu pekee ambayo wageni huigusa na kuuliza ni mbao gani.