Kabla ya Kumwokea Mbwa Biskuti

Kazi ya kumwokea mbwa biskuti huanzia sokoni, kwenye ungo wa karanga na mfuko wa unga, kwa sababu moto una mipaka yake. Moto unaua vijidudu vya kwenye yai na nyama, unamaliza minyoo iliyojificha kwenye ini, unakausha unga ukawa mgumu wa kutafunwa. Lakini zipo sumu ambazo moto hauzigusi: zinaingia jikoni na kutoka vilevile zilivyoingia. Maandalizi yangu yote nayapanga kwa swali hilo moja: kitu hiki kikiwa kibaya, moto utanisaidia au hautanisaidia?

Nianze na unga, maana ndio unaonitia hofu zaidi. Tuna mazoea ya siku nyingi kwamba unga uliovunda ukakataliwa mezani, huo apikiwe mbwa. Mahindi yaliyonyeshewa yakaota ukungu, pumba za mwisho wa gunia, karanga zilizosinyaa zinazobaki kwenye ungo baada ya nzuri kutolewa, vyote hivyo mwisho wake ni sufuria ya mbwa. Na humo ndimo inamokaa sumukuvu. Hutengenezwa na kuvu, hasa wale wanaoitwa Aspergillus flavus, wanaostawi kwenye mahindi na karanga zilizohifadhiwa na unyevu, na joto la kuokea biskuti haliimalizi. Mwaka 2004 mashariki mwa Kenya waliugua watu 317 kwa mahindi yenye sumukuvu, na 125 kati yao wakafa. Mahindi hayo yalikuwa yamepikwa kama watu wanavyopika siku zote. Mbwa naye ni miongoni mwa wanyama wanaodhuriwa upesi na sumu hii: ini linaharibika, anaacha kula, anatapika, ufizi na weupe wa macho vinageuka manjano. Ukishaiona manjano hiyo, umechelewa.

Pumba ndizo zinazopaswa kutufikirisha kuliko vyote. Sumukuvu hujikusanya zaidi kwenye ganda la nje na kwenye kiini cha punje, yaani sehemu zilezile zinazotolewa mahindi yanapokobolewa ili yatoke sembe. Sisi tunakula sembe, mbwa anapikiwa kile tulichokitoa. Kwa hiyo sheria yangu ni nyepesi: unga wa biskuti za mbwa utoke kwenye mfuko uleule ninaosongea ugali au kupikia chapati. Unanuka uvundo, una mabonge yaliyoshikana kwa unyevu, una rangi nisiyoielewa? Basi haumfai mtu wala mbwa, na ng'ombe asipewe pia, maana sumu hii hupita hadi kwenye maziwa.

Karanga nazichambua mwenyewe, nikiwa nimekaa dirishani penye mwanga. Ile iliyokunjamana inatoka. Yenye doa la kijani au la kijivu inatoka. Nyingine kwa nje ni nzuri kabisa, lakini ukiipasua mapande mawili unakuta katikati pana utando mweusi. Kwenye kila konzi napasua mbili tatu namna hiyo, na nikikuta mbovu zimezidi, sihangaiki kuokoa zilizobaki. Sumukuvu haionekani kwa macho, na karanga iliyolala na mbovu gunia moja siiamini.

Siagi ya karanga ya dukani nayo ina mtego wake. Soma maandishi ya kopo mpaka mwisho. Baadhi ya zile zinazouzwa kwa sifa ya kutokuwa na sukari hutiwa utamu wa zailitoli, ambao kwenye kopo huandikwa xylitol au namba E967. Kwetu sisi ni utamu tu. Mwili wa mbwa unaupokea kana kwamba ni sukari nyingi imeingia kwa mkupuo: kongosho linamwaga insulini, sukari ya damu inaporomoka, mara nyingi ndani ya saa moja, na mbwa anaanza kupepesuka, kulegea, hata kushikwa na degedege. Gramu 0.1 kwa kila kilo ya uzito wake inatosha kuleta hali hiyo, yaani gramu 1 tu kwa mbwa wa kilo 10. Kiasi kikizidi hapo, ini nalo linaweza kufa. Bigijii zisizo na sukari zina utamu huohuo, kwa hiyo zisikae mezani unapofanya kazi. Ukitaka raha ya moyo, saga karanga zako ulizochambua, bila chumvi wala sukari.

Kuna vitu vingine vya kuondoa mezani kabla hujamimina hata unga. Kakao na chokoleti zina theobromini, ambayo mwili wa mbwa huchelewa sana kuitoa. Zabibu, ziwe mbichi za Dodoma au zile kavu za kwenye keki, zinaweza kuua figo zake, na hakuna kipimo ambacho mtu anaweza kukuhakikishia kuwa ni salama. Makadamia, ambazo siku hizi zinalimwa sana Kenya ya kati, humlegeza miguu ya nyuma na kumtetemesha. Kungumanga iache kwenye maandazi ya watu. Kitunguu maji na kitunguu saumu, vibichi, vilivyopikwa au vya unga, huvunja chembe nyekundu za damu, na hapa nasema kwa msisitizo kwa sababu wapo wanaomtilia mbwa kitunguu saumu kwenye chakula wakiamini kinatoa minyoo. Mchuzi wa jana usiukandie unga wa biskuti, wala supu iliyotiwa vidonge vya mchuzi, kwa kitunguu hichohicho pamoja na chumvi.

Sasa yale ambayo moto unayaweza. Ini ni zuri, mbwa wanalipenda mno, na kipande kidogo kinatosha kutia harufu kwenye biskuti nyingi. Lisizidi, kwa kuwa lina vitamini A nyingi inayojilimbikiza mwilini. Ila lipikwe kwanza, liive mpaka ndani, hata kama litaingia tena kwenye oveni. Sababu yake ni kubwa kuliko mbwa. Kuna tegu mdogo sana anayeishi kwenye utumbo wa mbwa, na mzunguko wake unapitia kwenye maini na mapafu ya ng'ombe, kondoo na mbuzi, ambamo hutengeneza vifuko vya maji. Mbwa akila kiungo hicho kibichi, tegu wanakua ndani yake, mayai yanatoka na kinyesi, na mtoto anayecheza uani anaweza kuyameza. Kifuko kikiota kwenye ini la mtu, mara nyingi kinahitaji upasuaji. Turkana, kaskazini mwa Kenya, ni moja ya sehemu za dunia zilizoumizwa sana na ugonjwa huu. Kwa hiyo bandama, pafu na ini vya buchani vichemshwe, na ukiona kifuko cha maji kwenye ini, usilichukue kabisa. Hakikisha pia mbwa wako anapewa dawa ya minyoo inayoua tegu, kwa kipimo cha daktari wa mifugo.

Dagaa ndio ninaowapenda kuliko viungo vyote, maana harufu yao peke yake inamleta mbwa mlangoni. Dagaa wa Ziwa Victoria wengi huanikwa mchangani. Natoa vichwa, nawaloweka kwenye maji ya uvuguvugu dakika ishirini, nawavuruga kwa vidole, kisha nawaopoa polepole bila kuinamisha beseni. Mchanga unabaki chini, wakati mwingine wa kujaa kijiko. Naonja yale maji: yakiwa na chumvi, namwaga na kuloweka upya. Baada ya hapo nawakausha kwenye kikaango kikavu na kuwatwanga wawe unga.

Hamira siitumii. Biskuti ya mbwa haihitaji kuumuka, na unga mbichi wenye hamira ni hatari ya peke yake. Ukiachwa chini ukiumuka kwa ajili ya maandazi ya asubuhi, mbwa akaufikia, unaendelea kuumuka tumboni mwake kwenye joto, unamvimbisha na kumlevya kwa pombe inayotengenezwa humo. Siku ya kuoka, hata kama ni maandazi yenu, beseni likae juu.

Kipimo ninachorudi kwake mara nyingi ni gramu 250 za unga wa ngano, gramu 150 za boga lililochemshwa na kupondwa, yai 1 na gramu 20 za unga wa dagaa. Boga hutofautiana kwa maji, kwa hiyo unga mwingine unaweza kuhitajika kidogo kidogo mpaka donge liache kunata. Nalisukuma unene wa nusu sentimita na kulikata vipande 100 vidogo vya mraba. Udogo huo una hesabu yake. Donge zima lina kalori 1,100 hivi, basi kila kipande kina 11. Vitafunwa visizidi sehemu moja ya kumi ya chakula cha siku. Mbwa mzima wa kilo 10, asiye na kazi nzito, anahitaji kama kalori 630 kwa siku, kwa hiyo mgao wake ni vipande 5. Wa kilo 30 anafika 13. Ukikata vipande vikubwa kama biskuti za chai, mkono hautazuilika kutoa cha pili na cha tatu, na mbwa atanenepa bila mtu kujua kosa liko wapi. Mpime kabla. Mbebe ukiwa umesimama juu ya mizani, kisha toa uzito wako.

Moto wenyewe si tatizo. Mwenye oveni aweke nyuzi 160 kwa dakika 40. Mwenye jiko la mkaa atumie sufuria nzito, mkaa kidogo chini na mwingi juu ya mfuniko, akigeuza vipande mara moja. Kazi kubwa ni ukavu. Mimi naishi Tanga, na mwaka wa kwanza nilioka msimu wa masika, nikafungia biskuti kwenye kopo zikiwa bado na uvuguvugu. Siku ya nne nilipofungua, mvuke ulikuwa umeganda chini ya mfuniko na biskuti za juu zina manyoya ya kijivu. Bosi, mbwa wangu, alikuwa ameshakula mbili asubuhi ile kabla sijazitazama vizuri. Hakuugua, lakini nilimkalia macho siku mbili nzima, na sijasahau. Tangu hapo nikimaliza kuoka naziacha ndani ya oveni iliyozimwa mpaka asubuhi. Kisha navunja moja katikati. Ikipinda kabla ya kuvunjika, inarudi motoni. Inatakiwa ikatike kwa mlio. Zikiwa hivyo, kwenye chombo kisichopitisha hewa nazipa wiki mbili, na tarehe naibandika juu ya kopo. Za laini zikae kwenye friji, ziishe ndani ya siku nne.

Kama jiko mnalitumia wengi, zungumzeni kabla. Pwani wengi wetu tunaishi na ndugu au majirani wanaofuata madhehebu ya Shafi, na kwao chombo kilicholambwa na mbwa huoshwa mara saba, moja yake kwa udongo. Usimweke mwenzio kwenye mashaka. Tenga bakuli na kijiko cha mbwa, na beseni la kukandia asilirambe kamwe. Isitoshe, lina yai bichi na unga mbichi, ambavyo havimfai.

Mbwa mwenye kisukari, mwenye ugonjwa wa figo au aliyewahi kuugua kongosho, muulize daktari wa mifugo kwanza. Namba yake iwe kwenye simu yako kabla ya kuwasha moto, na makopo ya ulivyotumia yasitupwe siku hiyo, ili likitokea lolote umsomee kilichoandikwa. Biskuti zikishapoa, mpe moja tu. Mwangalie mpaka kesho yake, choo chake na ngozi yake, ndipo umpe ya pili.