Jinsi ya kuhamisha nakshi za milango ya Unguja na Lamu kwenye kitambaa

Ukizunguka Mji Mkongwe au Lamu utakuta milango yenye nakshi za kukutosha kudarizi mpaka uzeeke, afu ukiingia madukani mito yote ya kochi ina waridi la kizungu na vipepeo. Sasa leo tunaitoa nakshi mlangoni tunaiweka kwenye foronya ya mto wa kochi wa sentimita 40 kwa 40, na ukishaelewa hapo kitambaa cha meza, mkoba, pindo la dera, vyote njia ni ileile.

Kuna jambo moja ukilishika mengine yatakuja yenyewe. Nakshi ya mlango imechongwa, na milango mingi mbao yake ni rangi moja tu, msaji au mfenesi, kwa hiyo kinachofanya ua lionekane pale ni kivuli, penye shimo pana giza na palipoinuka pana mwanga. Ndo maana mtu akipiga picha ya mlango akaidarizi kwa rangi saba inatoka kitu kingine kabisa, inakuwa kama keki ya harusi, na anabaki anajiuliza imekuwaje. Washona kofia wameshamaliza hili suala zamani sana, angalia kofia ya mkono, kitambaa cheupe uzi mweupe na bado unaona maua na mistari vizuri kabisa, manake vile vitobo na ule mshono ulioinuka ndo vinavyoleta kivuli. Basi na sisi tunaenda hivyohivyo, uzi wa rangi moja juu ya kitambaa cha rangi hiyohiyo, au ukizidi sana shedi mbili za rangi moja. Mie napenda uzi wa kahawia juu ya amerikani isiyopaushwa, inakaa kimbao mbao.

Kabla hujachagua ua, usimame uutazame mlango wote kwanza. Kila nakshi ina sehemu yake. Mnyororo au kamba unakaa ukingoni kabisa mwa fremu unapanda unazunguka, ndani yake ndo majani na mizabibu inayojisokota, kwenye kizingiti cha juu ndo yanakaa yale maua ya duara, samaki ukiwakuta utawakuta chini kwenye miguu ya fremu, na katikati pale mbao mbili zinapokutana kuna mfaa nao una nakshi zake. Ukiangalia vizuri ni mpangilio ambao mwanamke yeyote wa pwani anaujua tayari, ukingo kama pindo la kanga na ndani kama mji. Kwa hiyo ukihamishia kwenye kitambaa mnyororo uache ukingoni, ua liache katikati, ukivuruga inaonekana tu kuna kitu hakijakaa sawa hata mtu asiyejua atahisi.

Maana za nakshi utasikia nyingi, samaki ni uzazi, mtende ni neema, mnyororo ni ulinzi, na wanaotembeza watalii kila mmoja ana ya kwake. Zifurahie ila usizichukue kama sheria. Lililo sheria ni hili, milango mingi juu kwenye kizingiti ina maandishi, na mara nyingi ni aya za Qur'ani. Hayo usiyaweke kwenye mto. Mto unakaliwa, unalaliwa, mtoto anaupiga mateke. Kama hujui kusoma Kiarabu na hujui ni aya au ni jina la mwenye nyumba na mwaka, acha tu, chukua ua la pembeni.

Halafu milango si ya aina moja. Ile ya kizingiti kilichonyooka ndo ya mtindo wa zamani zaidi, ile yenye tao juu na majani yaliyojaa mpaka hupati pa kuweka kidole ilishamiri mwishoni mwa karne ya 19 na inafuata mafundi wa Kihindi, na vile vifundo vya shaba vyenye ncha navyo asili yake India. Anayeanza achukue ya kizingiti kilichonyooka, maumbo yake ni makubwa na ya kupimika kwa rula. Tena walio Lamu wana bahati nyingine, zile nyumba za mawe za karne ya 18 zina vidaka, yaani vishubaka vya plasta ukutani vyenye maumbo yanayojirudia rudia, hizo ukizichora kwenye karatasi ya vibox vya hesabu zinaenda moja kwa moja kwenye mshono wa msalaba bila kuhangaika.

Picha piga asubuhi au alasiri jua likiwa la upande, saa sita mchana na flashi vyote vinaua kivuli na mlango unatoka bapa. Simama usawa wa mlango, usipige kwa chini, la sivyo duara litakuwa yai. Na piga hodi jamani, ile ni nyumba ya mtu. Ukiwa mbali tumia picha za zamani, ila usitegemee kwamba jengo litakusubiri, Beit al-Ajaib, lile kasri la zamani la Unguja, limesimama pale Forodhani tangu 1883 na Desemba 2020 sehemu yake iliporomoka.

Haya kuchora. Usifuate kila mstari wa picha, fundi mchongaji ana patasi inaingia ndani sentimita nzima na wewe una uzi. Chukua umbo kuu tu. Ua la duara fanya hivi, kata karatasi duara la sentimita 16, likunje nusu, tena nusu, tena nusu, umepata vipande nane. Kata ncha ya nje iwe ya mviringo kama petali, kunjua, una ua la petali nane zilizolingana bila kupima chochote. Ndani yake chora duara dogo la sentimita 4, na ndani ya kila petali chora petali nyingine nyembamba.

Mnyororo unahitaji hesabu kidogo na hapa ndo wengi wanaanza tu kushona wakifika kona pete haitoshi. Mto wetu ni 40, acha sentimita 4 kila upande, unabaki na mraba wa 32. Kwenye kila kona weka kimraba cha 4 kwa 4 chenye kiua kidogo, katikati ya kona na kona imebaki 24, na pete moja ya mnyororo ukiipa nafasi ya sentimita 4 unapata pete sita kamili kila upande, ila kila pete ichore izidi kidogo nafasi yake ili iingiane na jirani yake. Ndani ya mnyororo umebaki mraba wa 24, ua letu la 16 linakaa na hewa ya sentimita 4 kila upande. Hiyo hewa usiijaze, najua mkono utawasha.

Kitambaa fua kwanza, pamba inarudi ikiguswa na maji na hutaki irudi ukishamaliza kazi. Kata 50 kwa 50, usikate saizi ya mto sasa hivi, kwa sababu kudarizi kunavuta kitambaa na ile ringi ya mbao ya kukazia kitambaa wakati wa kudarizi inahitaji pa kubana. Kuhamisha mchoro kwenye kitambaa cheupe bandika karatasi kwenye kioo cha dirisha mchana, weka kitambaa juu, pitisha penseli kidogo kidogo. Kitambaa cheusi tumia chaki ya fundi au kipande cha sabuni kilichokauka. Karatasi ya kaboni ya steshenari iache kabisa, ule wino unachafua uzi na hautoki.

Uzi wa kudarizi wa pamba unakuja na nyuzi sita zimeshikana, unazitenganisha. Kata urefu wa mkono mpaka kiwiko, mrefu zaidi unajifunga. Uzi mwekundu na wa bluu iliyokolea loweka kipande kwenye maji kwanza ukiminye na kitambaa cheupe, ukiona umeachia rangi usiutumie hapa.

Anza katikati. Muhtasari wa petali shona kwa mshono wa mnyororo, nyuzi tatu, sindano inatoka, unarudisha palepale ilipotoka unaacha kitanzi, unatokea mbele kidogo ndani ya kitanzi unavuta, na usivute mpaka kitambaa kikunjane. Petali nyembamba ya ndani ndo tunaiinua, kwanza ijaze kwa mishono midogo ya mbio mbio ya nyuzi sita kufuata urefu wa petali, afu juu yake funika kwa mishono ya nyuzi mbili iliyolala sambamba ukikata upana, karibu karibu kitambaa kisionekane. Ule mjazo wa chini ndo unaifanya petali ivimbe, na hapo ndo kivuli kinakuja. Ukiuruka umeshachora kwa uzi tu. Duara la katikati lijaze vifundo vidogo, zungusha uzi kwenye sindano mara mbili ukashindilie palepale, vinakaa kama vile vya shaba. Pete za ukingoni mshono wa mnyororo mistari miwili, ila pete moja ipite juu na inayofuata ipite chini, yaani pale zinapokutana mstari wa inayopita chini unakatika, bila hivyo utapata mayai yaliyopangana na sio mnyororo.

Mwenye cherehani la zigizaga anaweza kupiga hizo petali kwa mashine na inapendeza, hasa kama unauza, ila pete za ukingoni mashine inazifanya ngumu ngumu, mie ningeziacha za mkono. Na kama unauza pia, mlango wa mchongaji aliye hai muulize mwenyewe kwanza.

Ukimaliza fua kwa maji baridi na sabuni kidogo bila kusugua, anika kivulini. Pasi piga kwa nyuma, uso wa kudarizi ukiangalia chini juu ya taulo nene, ukipiga kwa mbele petali zote ulizoziinua zinalala na kazi imepotea. Sasa ndo ukate 43 kwa 43 ukipima kutoka katikati ya ua, piga bandi, yaani mishono mirefu ya kushikiza kwa muda, na kipande cha nyuma, shona ukiacha sentimita moja na nusu pembeni, zipu weka upande wa chini.