Pesa ya visa ya masomo: ihesabu mapema, iache itulie

Mzazi anaweza kuwa na shilingi milioni tano benki na mwanawe bado akanyimwa visa ya masomo. Afisa anayepitia faili huuliza pesa ni kiasi gani, imekaa muda gani, iko kwa jina la nani na ilitoka wapi, na kila nchi ina swali lake inalolikazia. Uingereza huhesabu siku. Canada hufuatilia chanzo. Ujerumani hutaka pesa ifungiwe huko kwao kabla hujapanda ndege. Marekani hukuuliza ana kwa ana, dirishani, kwenye ubalozi wao pale Gigiri, Nairobi. Kabla ya kukimbilia benki kuomba taarifa ya akaunti, jua kwanza unajibu swali la nani.

Uingereza: siku 28 bila kuteleza

Kuanzia 11 Novemba 2025, pesa ya kujikimu unayotakiwa kuonyesha ni pauni 1,529 kwa mwezi ukisomea London na pauni 1,171 ukisomea nje ya London, kwa miezi isiyozidi 9. Kiwango cha juu basi ni pauni 13,761 au 10,539. Juu yake unaongeza karo ya mwaka wa kwanza ambayo hujalipa. Kinachoamua London au nje ni mahali utakapoketi darasani, kama palivyoandikwa kwenye CAS, ile hati ya kielektroniki ambayo chuo hukutolea kuthibitisha nafasi yako. Vyuo kadhaa vya miji mingine vina kampasi London. Jina la chuo lisikupotoshe ukaja kupungukiwa na zaidi ya pauni elfu tatu.

Chukua mtu anayekwenda Leeds kwa shahada ya uzamili ya mwaka mmoja. Karo ni pauni 17,000 na ameshalipa 5,000, kwa hivyo zimebaki 12,000. Ongeza 10,539 za kujikimu, inakuwa 22,539. Tukisema pauni moja ni shilingi 175, hizo ni shilingi 3,944,325. Sasa, asiweke kiasi hicho hicho kamili. Idara ya uhamiaji ya Uingereza hubadilisha sarafu kwa viwango vya OANDA vya siku ya ombi, na viwango hivyo si bei iliyobandikwa ukutani kwenye duka la fedha za kigeni. Shilingi ikilegea kidogo tu, aliyekuwa ametimiza anapungukiwa. Ongeza asilimia 5 hadi 10. Kwa mfano huu, salio lisianze chini ya shilingi 4,150,000.

Karo uliyolipa lazima ionekane ndani ya CAS au kwenye risiti ya chuo. Ukilipa baada ya CAS kutolewa, andikia chuo waisahihishe au wakupe risiti, la sivyo utatakiwa uonyeshe pesa ambayo imeshakutoka mfukoni.

Pesa hiyo yote itulie kwenye akaunti siku 28 mfululizo, na hesabu ya siku inaenda hivi. Salio limefika kiwango tarehe 3 Juni: hiyo ni siku ya kwanza, na ya 28 ni 30 Juni. Taarifa ya benki ifike angalau 30 Juni. Ombi nalo, yaani siku unayolipa ada ya visa mtandaoni, lisipite siku 31 tangu tarehe ya salio la mwisho lililo kwenye taarifa. Kama salio la mwisho ni la 30 Juni, ukomo wako ni 31 Julai. Ukichelewa, rudi benki upate taarifa mpya, mradi pesa bado ipo.

Katika siku hizo 28 hakuna hata jioni moja ambayo salio linaruhusiwa kuwa chini ya kiwango. Soma safu ya salio mstari kwa mstari, kwa rula kama ni lazima. Yule wa Leeds akiacha shilingi 3,944,400, kisha benki ikate ada ya shilingi 300 siku ya 14, salio linakuwa 3,944,100. Amepungukiwa na shilingi 225, bei ya chai na chapati mbili, na siku 13 alizokwisha kuhesabu zimepotea, anaanza upya. Afisa hana nafasi ya kuona huruma kwa sababu kanuni haimwachii. Dawa yake ni kuweka pesa hiyo kwenye akaunti ya akiba isiyo na kadi, isiyounganishwa na M-Pesa, isiyokatwa mkopo wala malipo ya kila mwezi.

Ada ya visa, ada ya afya, kipimo cha kifua kikuu kule IOM, shirika la kimataifa la uhamiaji, na tiketi ya ndege vyote viko nje ya hesabu hii. Ada ya afya hasa huwashtua watu. Ni pauni 776 kwa mwaka, lakini visa ya kozi ya mwaka mmoja huzidi miezi 12, kwa hivyo hulipiwa mwaka na nusu: pauni 1,164. Zitengee akaunti nyingine kabisa.

Pesa ni ya nani

Kwa Uingereza, pesa iwe kwenye akaunti ya mwanafunzi, ya mzazi au ya mlezi wa kisheria. Mwenzi anayekubalika na kanuni pia anahesabika. Mjomba, shangazi, kaka mkubwa aliye Doha, hata kama ndiye aliyekulipia shule tangu darasa la kwanza, hawahesabiki. Anayetaka kukusaidia akutumie hiyo pesa kama zawadi kwenye akaunti yako au ya mzazi, halafu siku 28 zianze kuhesabiwa tangu ilipoingia.

Ukitumia akaunti ya mzazi, ambatisha cheti chako cha kuzaliwa na barua yake iliyotiwa saini, yenye majina yenu wote wawili, uhusiano wenu, na kauli kwamba anakuruhusu kutumia pesa hiyo kwa masomo na kujikimu. Hapa Kenya kuna shimo moja ambalo familia nyingi hulijua zikiwa zimeshatumbukia: cheti cha kuzaliwa kisicho na jina la baba. Baba anaweza kuwa anakulea nyumba moja, lakini kwa afisa aliye mbali baba huyo hana uthibitisho. Njia fupi ni kuhamishia pesa kwa mama au kwako mwenyewe. Kuongeza jina kwenye cheti ni jambo la kuanza miezi mingi kabla.

Majina nayo. Cheti kinasema Mary Wanjiru, kitambulisho kinasema Maryanne Wanjiru Kamau, benki imeandika M. W. Kamau. Nenda benki warekebishe akaunti isomeke kama kitambulisho, na kwa tofauti iliyobaki mwenye majina aapishwe na kamishna wa viapo, atoe hati ya kiapo kwamba majina hayo ni ya mtu mmoja.

Akiba zisizoonekana kama pesa

Hisa, hati miliki ya shamba kule Kitengela, magari na ripoti ya mthamini ni utajiri, lakini kwa Uingereza hazihesabiwi hata senti. Inayotakiwa ni pesa unayoweza kuitoa. Akiba yako ya sacco inayotumika kama dhamana ya mikopo haitoki mpaka ujiondoe uanachama, kwa hivyo barua ya sacco yenye tarakimu nzuri haikusaidii. Ukiweza kuitoa, ihamishie benki kabla siku hazijaanza kuhesabiwa. Amana ya muda maalum inahitaji barua ya benki inayosema wazi kwamba inaweza kuvunjwa kabla ya muda wake. Pesa ya chama ni ya wanachama wote hadi itakapogawiwa.

M-Pesa haiwezi kuwa ghala la pesa hii kwa sababu akaunti moja haishiki zaidi ya shilingi 500,000. Hata hivyo ni ushahidi mzuri wa chanzo. Omba taarifa kamili kupitia *334# au kwenye programu yake, hasa kama michango ya harambee iliingilia huko, kisha uhamishie benki kwa mafungu ambayo yatalingana na taarifa hiyo.

Canada: pesa iwe na historia

Kwa maombi kuanzia 1 Septemba 2025, mwanafunzi anayekwenda peke yake nje ya Quebec huonyesha dola za Canada 22,895 za kujikimu, pamoja na karo ya mwaka wa kwanza na nauli. Karo ikiwa 18,000, tayari uko kwenye 40,895 kabla ya tiketi. Hapa jamaa au rafiki anaruhusiwa kudhamini, lakini atoe barua na aonyeshe uwezo wake mwenyewe.

Wanataka taarifa za benki za miezi 4 iliyopita, na wanazisoma kama mtu anayesoma shajara. Mshahara wa 85,000 unaoingia kila tarehe 28, kodi ya nyumba, tokeni za umeme, halafu ghafla 2,600,000 kwa mkupuo mmoja: macho yataganda hapo. Kila kiasi kikubwa kinachoruka juu ya maisha ya kawaida ya akaunti kiwe na karatasi yake. Kama shamba limeuzwa, weka mkataba wa mauzo uliosainiwa mbele ya wakili, risiti ya ushuru wa stempu na risiti ya KRA, mamlaka ya mapato ya Kenya, ya kodi ya faida ya mtaji, ambayo ni asilimia 15. Kama ni malipo ya kustaafu, weka barua ya mfuko wa pensheni. Kama ni bonasi ya majani chai, weka taarifa ya malipo ya kiwanda. Mzazi mwajiriwa alete hati za mshahara za miezi 6, barua ya mwajiri na fomu za P9, zile za kodi ya mshahara ya mwaka. Mfanyabiashara alete cheti cha usajili, CR12 (hati ya wakurugenzi na wanahisa) kama ni kampuni, kibali cha biashara cha kaunti, ritani za KRA na taarifa ya tili yake.

Ritani ndizo huwaumbua watu. Huwezi kuitangazia KRA mapato ya 400,000 kwa mwaka halafu uiambie Canada kwamba biashara hiyo hiyo inaingiza 400,000 kwa mwezi. Afadhali rekebisha ritani na ulipe kodi kwanza.

Na usipeleke taslimu. Ukizidisha milioni moja benki itakudai maelezo ya zilikotoka, na hata ukiyatoa, kwenye taarifa patabaki neno moja la kuweka taslimu lisiloeleza chochote. Uhamisho kutoka akaunti ya mnunuzi hubeba jina lake.

Ujerumani na Marekani

Ujerumani ni rahisi kueleza, ila inahitaji pesa iwepo kwa kweli. Unafungua akaunti iliyozuiwa, Sperrkonto, kwa kampuni kama Expatrio au Fintiba, unaweka euro 11,904 za mwaka mzima, na ukishafika unaachiwa euro 992 kila mwezi. Kosa la kawaida liko kwenye fomu ya kutuma pesa. Benki za njiani hukata ada zao, zikafika euro 11,880, na uthibitisho hautoki. Kwenye fomu chagua OUR, yaani mtumaji abebe gharama zote, na utume zaidi kidogo ya kiwango. Visa ikikataliwa pesa hurudishwa, baada ya kuwasilisha uthibitisho wa kukataliwa.

Marekani haina kiwango kimoja. Chuo ndicho hupanga gharama ya mwaka na kuiandika kwenye I-20, fomu ya chuo unayoombea visa, na hutaka kuona pesa kabla ya kukutolea hiyo fomu. Mdhamini anaweza kuwa yeyote. Mahojiano huchukua dakika chache na afisa huenda asifungue bahasha yako kabisa, kwa hivyo ujue kwa kichwa: nani analipa, anafanya kazi gani, kiasi gani, na mwaka wa pili utalipiwa na nini. Majibu yako, DS-160 (fomu ya ombi la visa unayojaza mtandaoni) na I-20 visipishane. Ukisema baba ndiye analipa ilhali I-20 imeandikwa jina la shangazi, umejimaliza.

Pesa ya kukodi

Kuna mawakala mjini watakaokuambia watakuwekea milioni nne kwa mwezi mmoja, nawe uwalipe asilimia fulani. Mbali na kwamba wanaweza kutoweka na ada yako, ukigundulika adhabu inapita kukataliwa mara moja. Udanganyifu kwenye ombi la Uingereza huleta zuio la miaka 10, Canada miaka 5, na Marekani ni la kudumu isipokuwa upate msamaha maalum. Taarifa ya benki iliyochezewa kwenye kompyuta hukamatwa kwa simu moja tu.

Siku ya kuchukua taarifa

Agiza taarifa kutoka tawi lako, ipigwe muhuri na saini kila ukurasa. Hakikisha ina jina kamili, nambari ya akaunti, nembo ya benki, tarehe na salio la kila muamala. Chukua pia barua ya benki yenye salio, sarafu na tarehe akaunti ilipofunguliwa. Kagua papo hapo kaunta, kabla hujaondoka. Ukurasa wa 7 ukikosekana kati ya 12, ni wewe utakayeonekana umeuficha.

Mwishoni mwa barua hiyo kuna simu na barua pepe za tawi. Pigia simu hiyo mwenyewe. Ikiita bila kupokewa siku nzima, omba barua iwe na nambari ya mtu anayepokea, na umjulishe meneja kwamba huenda ubalozi ukauliza. Pesa nayo usiiguse mpaka uamuzi utoke.