Namna ya Kuongoza Matembezi ya Historia Katikati ya Dodoma

Anayekuja Dodoma kwa kikao, semina au kufuatilia barua wizarani huambiwa mapema kwamba mji huu ni vumbi na ofisi tu. Mimi huongoza wageni kwa miguu katikati ya mji, na kauli hiyo huniuma, kwa sababu wanaoisema huwa wamepita kwenye historia wakiwa ndani ya gari. Mwongozo huu ni wa kijana anayetaka kuanza kazi ya kuongoza wageni, wa mwalimu anayetaka kuwatoa wanafunzi darasani, na wa mwenyeji aliyetembelewa na shemeji kutoka Dar es Salaam asijue ampeleke wapi.

Hatua ya 1: Beba swali moja

Usianze na orodha ya majengo. Kundi likipelekwa jengo baada ya jengo linachoka kabla ya kituo cha tatu, na jioni halikumbuki lolote. Chagua swali moja ulitembeze mjini. Langu ni hili: kwa nini mji ukae hapa?

Ni swali zito kuliko linavyosikika. Dodoma haina ziwa, haina bandari, haina mto wa maana unaotiririka mwaka mzima. Mvua hunyesha kati ya Desemba na Aprili, kwa wastani wa milimita 570 hivi, na kuna miaka hainyeshi kiasi hicho. Lakini misafara ya pwani ilipita hapa, Wajerumani wakaleta reli, Waanglikana wakaweka dayosisi, na mwisho Serikali nzima ikahamia. Kila kituo utakachosimama kitoe sehemu ya jibu. Jengo lisilojibu chochote, hata liwe refu namna gani, lipite.

Hatua ya 2: Fuata jua na majira

Anza saa 1 asubuhi, umalize kabla ya saa 5. Baada ya hapo jua la Dodoma halina huruma na vivuli vya mjini havitoshi kundi zima. Miezi mizuri ni Mei hadi Septemba: hakuna mvua na asubuhi ni baridi, kiasi kwamba mgeni wa pwani atahitaji sweta. Upepo wa kiangazi hupeperusha vumbi, kwa hiyo mwenye pumu aambiwe mapema aje na dawa yake na kitambaa cha kufunika pua.

Wakati wa Bunge la Bajeti, Aprili hadi Juni, mji hujaa na vyumba vya kulala wageni huwa vya kugombania. Mgeni anayetoka mbali ajue hilo kabla ya kukata tiketi.

Kundi lisizidi watu kumi na wawili. Likizidi hapo, utalazimika kupiga kelele, na walio nyuma watakuwa wanatembea tu.

Hatua ya 3: Nyoosha mambo kabla ya siku yenyewe

Ukifanya kazi hii kwa malipo, fuata Sheria ya Utalii ya mwaka 2008: mwongoza watalii anatakiwa kuwa na leseni. Usiogope kuulizia taratibu, ila usizikwepe.

Jambo la picha liseme mapema na uliseme waziwazi. Stesheni, majengo ya Bunge, ofisi za Serikali na maeneo ya ulinzi hayapigwi picha bila ruhusa. Mgeni asiyeambiwa atainua simu, askari atamwita, na asubuhi yenu itaishia kwenye maelezo. Watu nao wana haki yao: mama anayeuza karanga aombwe kwanza, na akikataa basi.

Sasa mtafute mzee. Hili ndilo jambo ninalolisisitiza kuliko yote. Mzee wa Kigogo, kabila la wenyeji wa hapa, aliyekulia Dodoma au vijiji vya jirani atawapa wageni kitu ambacho wewe, hata usome vipi, huwezi kuwapa. Mwendee nyumbani siku chache kabla, umwamkie, ukae, umweleze wageni ni akina nani na wanataka kusikia nini. Usimfundishe cha kusema. Kubalianeni posho na umpe mkononi siku hiyohiyo, kama unavyomlipa mtu yeyote aliyefanya kazi. Kumwita mzee aeleze maisha ya watu wake kwa nusu saa, kisha kumrudisha kwao na soda moja, ni kumvunjia heshima.

Wageni nao wafundishe kumsalimu. "Mbukwenyi", salamu ya Kigogo, ikitamkwa na mgeni, hata kwa lafudhi ya mbali, inafungua mazungumzo. Kwa wazee wasio Wagogo, "Shikamoo mzee" inatosha.

Hatua ya 4: Anzia stesheni ya zamani, lakini usianze na reli

Simameni mahali penye kivuli karibu na stesheni ya reli ya kati. Kila mtu atatarajia useme "Wajerumani walijenga". Ngoja kwanza. Kabla ya Mjerumani palikuwa na Ugogo, nchi ya Wagogo, na Ugogo ilikuwa na nguvu yake.

Waeleze njia ya misafara ya karne ya 19, iliyotoka pwani ya Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji. Mashariki ya Ugogo palikuwa na Marenga Mkali, nyika isiyo na maji. Magharibi palikuwa na Mgunda Mkali, pori refu lisilo na chakula. Kwa hiyo msafara wenye mamia ya wapagazi ulifika Ugogo ukiwa na kiu, na haukuthubutu kutoka bila nafaka. Watemi wa Kigogo walishika visima na walijua thamani yake. Walitoza ushuru wa njia, ulioitwa hongo, kwa nguo, shanga na waya. Wasafiri wa Kizungu waliiona: Burton alipita Ugogo miaka ya 1850 na Stanley mwaka 1871, na wote wawili waliandika malalamiko marefu kuhusu ushuru huo. Wageni wengi wameusoma upande wa msafiri tu. Waulize: kama kisima ni chenu na mvua haina uhakika, mngewanywesha bure watu mia tano na punda wao?

Hapo jibu la kwanza limeshapatikana. Watu na misafara walisimama hapa kwa ajili ya maji machache yaliyokuwepo na nafaka iliyolimwa na watu waliojua kuishi na ukame.

Hadithi ya asili ya jina Dodoma, ya tembo aliyezama kwenye tope la kijito cha Kikuyu, kundi litaiulizia tu. Isimulie kama masimulizi ya wazee, uipe ladha yake, uendelee.

Hatua ya 5: Reli, vita na mtunya

Sasa leta reli. Ujenzi ulianza Dar es Salaam mwaka 1905, ukafika Morogoro 1907, Dodoma 1910, Tabora 1912 na Kigoma 1914. Kwa sehemu kubwa ilifuata njia ileile ya misafara. Waonyeshe wageni hoteli iliyo karibu, New Dodoma, ambayo zamani ilikuwa Railway Hotel. Msafiri wa treni alishuka, akavuka barabara, akalala. Mji wa kikoloni ulikua kutokea hapa.

Waongozaji wengi wakishataja miaka hiyo huhamia kituo kingine. Mimi nakuomba ubaki hapo kidogo, kwa sababu reli ilileta pia balaa. Katika Vita Kuu ya Kwanza, Ugogo ilikamuliwa na pande zote mbili. Wajerumani walichukua ng'ombe, nafaka na vijana wa kubeba mizigo. Majeshi ya upande wa Uingereza yaliiteka Dodoma Julai 1916, nayo yakachukua kilichobaki. Mvua zilipokosekana, hapakuwa na akiba ghalani wala mifugo ya kubadilishana na chakula. Njaa iliyofuata, kati ya 1917 na 1920, Wagogo waliiita mtunya. Inakadiriwa ilichukua watu wapatao 30,000.

Hapa mwachie mzee nafasi. Hakuna aliye hai leo aliyeiona mtunya, lakini zipo familia ambazo bado hutaja bibi aliyepelekwa mbali ili ale, au ukoo uliotawanyika usirudi. Mzee akinyamaza katikati ya maneno, mwache anyamaze, na wewe usijaze nafasi hiyo kwa maelezo. Ukiwa na wanafunzi, wakumbushe jambo moja: ukame ulikuwepo Ugogo siku zote na watu walikuwa na njia za kuukabili. Kilichowaua ni kunyang'anywa njia hizo.

Hatua ya 6: Nyumba za ibada

Kutoka stesheni mtatembea taratibu kuelekea katikati ya mji, ambako nyumba za ibada zimekaribiana. Kanisa kuu la Anglikana lenye kuba lipo, la Kilutheri lipo, na jamatkhana ya Waismailia haiko mbali. Dayosisi ya Central Tanganyika iliundwa mwaka 1927, na askofu wake wa kwanza, George Chambers, alitoka Australia. Shule na hospitali za kanisa ndizo zilizowatoa wengi katika kizazi cha kwanza cha wasomi wa Ugogo. Hapa mtaje mtemi Mazengo wa Mvumi, ambaye jina lake lilipewa shule ya sekondari ya Mazengo. Tangu 2007 majengo ya shule hiyo ni Chuo Kikuu cha St. John's.

Kama mna bajaji na muda, Kanisa Kuu Katoliki la Mtakatifu Paulo wa Msalaba na Msikiti wa Gaddafi, uliofunguliwa 2010, vinastahili safari ya ziada. Kwa miguu ni mbali mno katika asubuhi moja. Mavazi ya heshima ni lazima, na msiingie wakati wa ibada.

Mtu atauliza kuhusu Mirembe, hospitali ya magonjwa ya akili iliyojengwa mwaka huohuo wa 1927. Jibu kwa adabu na uzime mzaha wowote. Ni hospitali ambayo imetibu watu wa nchi nzima, na ndani ya kundi lako huenda yupo mwenye ndugu aliyelazwa pale. Usilipeleke kundi getini kuchungulia.

Hatua ya 7: Soko la Majengo, na tumbo

Kufikia saa 3 watu wana njaa. Piteni kwenye mitaa inayoitwa kwa namba, Barabara ya Sita, ya Saba na kuendelea, mwingie Soko la Majengo. Usilifanye soko kuwa maonyesho. Mpe kila mgeni kazi: mmoja anunue ubuyu, mwingine uwele, mwingine zabibu kama ni msimu, na kila mmoja amuulize muuzaji bidhaa imetoka kijiji gani. Zabibu za Dodoma huvunwa mara mbili kwa mwaka, na zinastawi kwa sababu ileile inayolalamikiwa na wageni: jua kali na hewa kavu. Wamisionari ndio walioanza kuzipanda.

Kisha kaeni kwa mama lishe mliyekubaliana naye jana yake. Agizeni ugali wa uwele au mtama kwa mlenda. Mgeni wa mara ya kwanza atasitasita kwa ule utelezi. Mwonyeshe namna ya kukata tonge na kuzungusha mkono. Mwambie pia kwamba mboga hukaushwa na kutunzwa kwa ajili ya miezi ambayo shamba halina jani. Ni elimu ya ukame iliyowekwa kwenye sahani.

Mkiwa mmekaa ndipo uzungumzie muziki. Taja zeze, ilimba (ala ya vibao vya chuma inayopigwa kwa vidole gumba), na muheme, ngoma ambayo wanawake huipiga wakiwa wameibana katikati ya mapaja. Wapigie kwenye simu wimbo mmoja wa Hukwe Zawose, Mgogo aliyeufikisha muziki huu kwenye majukwaa ya dunia hadi alipofariki mwaka 2003. Sauti zinavyopandana zinahitaji utulivu, na watu walioshiba husikiliza vizuri.

Hatua ya 8: Malizia Nyerere Square

Chini ya sanamu ya Mwalimu, jibu la mwisho la swali lako linasubiri. Mwaka 1973 TANU, chama kilichokuwa kikitawala, iliamua makao makuu ya nchi yahamie Dodoma. Sababu zilikuwa za ramani na za siasa: mji uko katikati ya nchi, reli ya mashariki–magharibi inakutana hapa na barabara ya kaskazini–kusini, na Serikali ya kijamaa ilitaka kukaa karibu na wakulima na wafugaji, mbali na mji wa bandari uliojengwa na wakoloni. Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, CDA, iliundwa mwaka huohuo, na mpango mkuu wa mji ukatoka 1976, kazi ya wataalamu kutoka Toronto, Kanada.

Kisha vita vya Uganda na uchumi mgumu vikachelewesha kila kitu. Bunge lilikuja, wizara zikabaki Dar es Salaam. Julai 2016 Rais Magufuli alitangaza kuhama kwa kweli, CDA ikavunjwa 2017, na tarehe 26 Aprili 2018 Dodoma ikawa jiji. Treni ya SGR, reli mpya ya kisasa, ilizinduliwa rasmi Agosti 2024, na mgeni wako huenda amekuja nayo.

Usiishie kwenye sifa za majengo. Waulize wageni maji ya jiji hili linalokua yatatoka wapi, na nani amepisha ardhi ili viwanja vipimwe. Vijiji vya Wagogo vilivyozunguka mji wa zamani leo vingi ni mitaa ya jiji. Mzee akiwa bado nanyi, swali hili ni lake kwanza.

Hatua ya 9: Wanaotaka zaidi

Mwenye kupenda mawe na madini mwelekeze makumbusho ya jiolojia kwenye Barabara ya Kikuyu. Ofisi ya jiolojia ya nchi ilianzishwa 1925 na makao yake yako hapa Dodoma. Anayetaka kukaa Bungeni kusikiliza aende na kitambulisho na mavazi ya heshima. Jumamosi upo mnada wa Msalato, wenye mifugo na nyama choma. Na yule anayeuliza kulikuwa na nini kabla hata ya Wagogo, mpangie Kondoa: michoro ya miambani ya Kolo, iliyoingizwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006. Barabara ni ya lami kutoka mjini. Aanzie ofisi ya michoro hiyo pale Kolo ili apewe mwenyeji wa kumpandisha, avae viatu vinavyoshika mwamba, na apange kulala Kondoa usiku mmoja, kwa maana michoro imetawanyika vilimani.