Jinsi ya kulifuatia neno la Kiingereza hadi lilikotoka

Mimi ni karani wa klaringi, yaani utoaji wa mizigo bandarini, hapa Mombasa, na kazi yangu ni makaratasi. Kontena likishushwa Kilindini hakuna anayeuliza rangi yake. Linaulizwa hati: limepakiwa bandari gani, limebadilishiwa meli wapi, nani alilipokea, tarehe gani. Neno nalo nalichunguza hivyo hivyo. Hadithi ya asili ya neno inaweza kuwa tamu kama nini, lakini ikikosa hati, haitoki getini kwangu.

Tuchukue neno tunalolitamka kutwa: godauni. Pita Shimanzi au Changamwe uone vibao, 'godown' hii na 'godown' ile. Uliza yeyote pale na utaambiwa ni 'go' na 'down', kwa kuwa zamani mizigo iliteremshwa chini ghalani. Maelezo yamekaa sawa kupita kiasi, na hapo ndipo pa kushtuka. Godauni gani la Shimanzi lina ngazi za kuteremka?

Kitu cha kwanza, tafuta maandishi ya zamani kabisa yenye neno hilo. 'Godown' linaonekana katika Kiingereza mwishoni mwa karne ya 16, na tahajia zake za mwanzo ni kama 'gadonge' na 'godon'. Itazame hiyo tahajia. Mwingereza aliyesikia 'go down', maneno mawili aliyoyajua tangu utotoni, angeandikaje 'gadonge'? Huyo alikuwa anasikia neno geni na anajaribu kulikamata kwa herufi alizonazo. Tahajia ya mwanzo ni ushahidi mkubwa kuliko maelezo yote yaliyokuja baadaye.

Kisha tafuta ndugu zake. Kimalei wanasema 'gudang' kwa ghala, na ukienda Indonesia leo utalikuta kwenye vibao vyao. Kihindi ni 'godam'. Kireno cha Mashariki kilikuwa na 'gudão'. Kote maana ni ile ile, pahala pa kuweka bidhaa, na hakuna hata mmoja wao anayetaja kuteremka.

Halafu uliza mchukuzi ni nani. Neno halivuki bahari peke yake. Wareno waliiteka Malacca mwaka 1511, bandari kubwa ya Wamalei ya viungo na vitambaa, na ni hao hao walioanza kujenga Fort Jesus hapa kwetu mwaka 1593. Waingereza walipofika Bahari ya Hindi walikuta biashara ina lugha yake tayari, na ghala lina jina. Wataalamu wengi hulifuatilia zaidi, kutoka Kimalei hadi kusini mwa India, kwenye Kitelugu na Kitamil, na huko wanabishana kidogo juu ya umbo hasa. Hilo halitusumbui. Waingereza walilikunja tu neno likae kama maneno yao, na wajukuu wao wakabuni hadithi ya ngazi.

Kwa hiyo kila neno liulize mambo hayo: liliandikwa lini, liliandikwaje, lina ndugu gani, na nani alilibeba.

Zana si nyingi. Kwa kuanzia tumia kamusi ya bure ya mtandaoni ya Douglas Harper, Online Etymology Dictionary. Inafunguka hata kwenye simu ndogo, na bando haliishi. Kamusi yenye uzito kuliko zote ni Oxford English Dictionary. Wazo lake lilitolewa 1857, sehemu ya kwanza ikatoka 1884, na kazi ikakamilika 1928. Nguvu yake ni kwamba kila maana ina nukuu zilizoandikwa mwaka, kwa sababu wasomaji wa kujitolea walituma vikaratasi vyenye sentensi walizozikuta vitabuni. Mtandaoni inalipiwa, kwa hiyo uliza maktaba ya chuo kama wamejiunga. Ila mwaka wa nukuu ya kwanza usiuchukue kuwa ndio mwaka wa kuzaliwa kwa neno. Watu husema kwanza, kalamu hufuata.

Kwa maneno yaliyopitia bahari yetu hii, tafuta Hobson-Jobson, kamusi ya Kiingereza cha India ya Henry Yule na A. C. Burnell, ya 1886. Muda wake wa hakimiliki umekwisha zamani, unaipata bure mtandaoni. Jina lake lenyewe ni somo tosha: wanajeshi wa Kiingereza kule India waliwasikia Waislamu kwenye Muharram wakilia 'Ya Hasan, ya Husein', na masikio yao yakatoa 'Hobson-Jobson'. Ukilijua hilo, 'godown' haikushangazi tena. Na ukitaka kujua kama neno lilikuwa limeshaingia kwenye Kiswahili kabla ya utawala wa Mwingereza, ifungue kamusi ya Kiswahili ya Krapf, mmisionari Mjerumani. Alifika Mombasa 1844, na kamusi yake ilichapishwa London 1882, mwaka mmoja baada ya kufa kwake. Kiswahili kilichomo ndani ni cha hapa hapa.

Sasa nikupe onyo juu ya hadithi za herufi. Nilimsikia kijana mmoja anayetembeza wageni Mji wa Kale akiwaeleza juu ya neno 'posh', la mambo ya kitajiri. Eti matajiri wa Kiingereza waliokwenda India kwa meli walilipia vyumba vya kushoto wakati wa kwenda na vya kulia wakati wa kurudi ili wakwepe jua, na tikiti zao zikapigwa mhuri P.O.S.H., 'port out, starboard home'. Wageni wakafurahi. Walipomaliza nikamwita.

"Kijana wangu, tikiti hiyo umepata kuiona?"

"Sijaiona mzee, lakini jambo hili kila mtu alijua."

"Basi nani ameiona?"

Akacheka. Hakuna aliyeiona. Meli zile zilikuwa na hati kama meli za leo, na watu wamezitafuta sana tikiti hizo wasipate hata moja yenye mhuri huo. Neno 'posh' kwa maana ya mtu wa kujipamba lilikuwa limeshaandikwa mwishoni mwa karne ya 19, nayo hadithi ya vyumba ilianza kuandikwa miaka ya 1930. Mtoto amekuwa mtu mzima ndipo cheti chake cha kuzaliwa kinaletwa.

Kanuni ninayoishika ni hii: ukiambiwa neno la zamani limetokana na herufi za mwanzo za maneno mengine, kataa mpaka uoneshwe hati. 'News' si kaskazini, mashariki, magharibi na kusini. Ni 'new' katika wingi, mambo mapya. 'Tip', ile bakshishi ya mhudumu, haikutokana na herufi za 'to insure promptness', yaani kuhakikisha huduma ya haraka, zinazodaiwa kuwa za mikahawa ya London; lilikuwa neno la lugha ya siri ya wezi, lenye maana ya kupeana kitu. Hata SOS, ishara ya meli iliyo hatarini, haisimamii 'save our souls'. Wajerumani waliichukua 1905, mkutano wa Berlin wa 1906 ukaikubali kimataifa, ikaanza kutumika rasmi 1908, kwa sababu nukta tatu, vistari vitatu, nukta tatu ni rahisi kugonga na vigumu kukosewa. Maneno ya herufi ya kweli, kama 'radar', ni ya karne ya 20 karibu yote. OK ndiyo imetoka kwenye mzaha wa magazeti ya Boston mwaka 1839, watu wakiandika 'oll korrect' kwa makusudi badala ya 'all correct', sawa kabisa. Hiyo nakubali, kwa kuwa gazeti lenyewe lipo.

Jambo jingine la kufuatilia ni maana. Maana haziruki, zinasogea hatua kwa hatua, na kila hatua iwe na sababu inayoeleweka. Chukua 'log'. Baharia wa zamani alipotaka kujua mwendo wa meli, alitupa nyuma yake kipande cha ubao kilichofungwa kamba. Ubao ulibaki pale pale majini, meli ikaenda, kamba ikavutika mkononi. Kamba ilipigwa fundo kila baada ya futi 47 na inchi 3, na mwenzake ameshika chupa ya mchanga wa sekunde 28. Mchanga ukiisha wanahesabu mafundo yaliyopita. Mafundo sita ni maili sita za baharini kwa saa, na ukipiga hesabu utaona zile futi na zile sekunde hazikuchaguliwa ovyo. Ndiyo maana mwendo wa meli hadi leo ni 'knots', mafundo, ingawa kamba haipo tena.

Ule ubao ndio 'log'. Matokeo yake yaliandikwa kwenye kitabu, kikaitwa 'logbook'. Kitabu hicho kikaanza kubeba kila tukio la safari, si mwendo tu. Kikahamia nchi kavu, kwenye rekodi za magari, na hapa Kenya kikawa hati ya umiliki ambayo mwenye matatu anaiweka rehani akikopa. Kompyuta zilipokuja, kuandikisha kwamba umeingia kukawa 'log in'. Hivyo kijana anayeketi stejini akisema "nimeshindwa kulogi" anataja ubao uliokokotwa nyuma ya meli. Kila kiungo cha mnyororo huu unaweza kukishika na kukikagua.

Neno ninalolipenda kuliko yote ni 'average', yaani wastani, na sisi wa klaringi tunalijua upande ambao mwalimu wa hesabu haujui. Meli ikiwa hatarini na nahodha akatupa sehemu ya shehena ili iokoke, hasara hawaachiwi wenye mali iliyotupwa peke yao. Wenye shehena wote wanachangia kwa kadiri ya mali yao. Hiyo inaitwa 'general average'. Mwezi Machi 2021 meli ya makontena Ever Given ilikwama Mfereji wa Suez, na Aprili mwenye meli akatangaza 'general average', maana yake kila mwenye kontena humo ndani alitakiwa kuweka dhamana kabla ya kupewa mzigo wake. Neno lenyewe lilipita bandari za Bahari ya Kati kama 'avaria', na wanaisimu wengi wanalirudisha kwenye Kiarabu, 'awariya', bidhaa iliyoharibika. Kutoka bidhaa mbovu likawa gharama ya ubovu, kisha gharama inayogawanywa sawasawa, na kufikia karne ya 18 likawa wastani wa hesabu.

Sisi tuliokulia Kiswahili cha pwani tuna bahati katika kazi hii, kwa sababu masikio yetu yameshazoea Kiarabu. Ukisikia 'magazine' na 'hazina' sikiliza tena. Yote mawili ni mzizi wa kuweka akiba, na 'magazine' lilikuwa ghala kabla halijawa gazeti. 'Cipher' na 'zero' ni sifuri yetu iliyopita njia mbili za Ulaya. 'Tariff' ni ndugu wa taarifa. 'Monsoon' ni 'mausim' ya Kiarabu kupitia Kireno, na sisi tunayo kama msimu bila kupitia kwa mtu. Hakuna aliyemwazima mwenzake hapo. Mwingereza na Mswahili wamekunywa kisima kimoja.

Lakini bahati hiyo ina mtego. Nimekaa barazani na mzee mmoja, dele la kahawa likizunguka, akishikilia kwamba Waingereza wametuibia 'kata' wakafanya 'cut'. Wa pili akasema la, sisi ndio tuliochukua kwa Waarabu, 'qata'a'. Ukweli ni kwamba hakuna mzazi hapo. Kata ni mzizi wa Kibantu, unapatikana katika lugha nyingi za bara, kwa watu ambao hawakuiona meli ya Mwarabu wala ya Mwingereza. Kufanana kwa sauti na maana, bila mchukuzi na bila tarehe, ni sadfa tu. Lugha zina maneno maelfu kwa maelfu na sauti chache za kuyatengenezea, lazima mengine yagongane.

Na kamusi ikikwambia asili haijulikani, iandike hivyo hivyo daftarini, usijazie. 'Dog', neno la kila mtoto wa Uingereza, linafika kwenye Kiingereza cha kale na njia inakatika hapo.

Ukitaka pa kuanzia, chukua maneno ya bandarini: 'cargo', 'demurrage', 'quarantine', 'tally'. Tatu za kwanza zitakuchukua jioni moja. Ya mwisho ipe nafasi, maana kila karani wa tali, mhesabu mizigo, pale gatini anabeba jina la kijiti. Uingereza madeni yalichongwa alama kwenye vijiti, kijiti kikapasuliwa mara mbili, na mwenye kudai akashika kipande kirefu kiitwacho 'stock', ambacho kitakupeleka mpaka soko la hisa. Serikali ilipoamua kuvichoma vijiti vyake vya zamani, tarehe 16 Oktoba 1834, ilivitia kwenye majiko yaliyokuwa chini ya jengo la Bunge la London. Jengo likateketea.