Polisi wa India wakikataa kufungua FIR: namna ya kumwomba hakimu aamuru upelelezi

Somo hili ni kwa wanafunzi, wagonjwa na wafanyabiashara wetu walioko India. Wakala amekula ada ya chuo kwa risiti ya kughushi, nawe kituoni unaambiwa ni kesi ya madai, hawafungui FIR, yaani taarifa ya kwanza ya kosa inayoanzisha upelelezi. Kama kweli ni jinai, tumia kifungu cha 175(3) cha BNSS, sheria ya mwenendo wa jinai iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024. Mawakili wengi bado hukitaja kwa namba ya zamani, 156(3).

Usikimbilie mahakamani. Maombi mengi hufa kwa sababu mwombaji aliruka hatua mbili za mwanzo.

Hatua ya 1: kituoni. Peleka taarifa ya maandishi, nakala mbili, yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Kituo chochote kinatakiwa kuipokea hata kama kosa lilitendeka kwingine. Ukiituma kwa mtandao, nenda ukaisaini ndani ya siku 3.

Hatua ya 2: mkuu wa polisi wa wilaya, kifungu cha 173(4). Mwandikie, ambatisha ile nakala yenye muhuri, tuma kwa posta ya rejista na utunze stakabadhi. Barua uliyomwachia mlinzi getini haina ushahidi wowote.

Hatua ya 3: hakimu mwenye mamlaka ya eneo hilo. Eleza kwa mpangilio wa tarehe nani alifanya nini, wapi, kiasi gani kililipwa na kwa akaunti ipi. Taja vifungu vya kosa, kisha tarehe za hatua ya 1 na ya 2. Ambatisha hati ya kiapo. Mahakama ya Juu iliidai tangu 2015, katika shauri la Priyanka Srivastava, na sasa imo ndani ya sheria yenyewe. Isome mwenyewe kabla ya kuisaini: ukiapa uongo, wewe ndiye utakayeshtakiwa.

Sehemu yenye uzito kuliko zote katika maombi ni ile ambayo waombaji wengi huiandika kwa mstari mmoja tu: kwa nini polisi wanahitajika. Hakimu anaweza kukwambia ulete mashahidi mwenyewe, akayachukua maombi kama malalamiko ya kifungu cha 223. Basi orodhesha usivyoweza kuvipata bila wao: taarifa za benki za mtuhumiwa, rekodi za simu, picha za kamera za ulinzi, mtu asiyejulikana jina. Ujumbe wa WhatsApp usiufute kwenye simu. Nakala yake itahitaji hati ya uthibitisho ya kifungu cha 63(4) cha sheria ya ushahidi.

Kabla ya kuamua, hakimu huwataka polisi watoe maelezo yao. Usishangae kesi ikiahirishwa kwa ajili hiyo.

Maswali ya wanachama

Wakili, mwenye nyumba amekataa kurudisha amana yangu. Naweza kuomba?
Kwa kawaida hapana, hayo ni madai. Yanageuka jinai ukionyesha kwamba alikusudia kukutapeli tangu mwanzo, mathalani nyumba haikuwa yake.

Hakimu anaweza kuwapa CBI, shirika la upelelezi la serikali kuu, upelelezi huo?
Hawezi. Amri yake humfikia mkuu wa kituo. Kuwaamuru CBI ni kazi ya Mahakama Kuu ya jimbo au Mahakama ya Juu.

Nimekataliwa, ndugu. Nifanyeje?
Omba marejeo mahakama ya Sessions, iliyo juu ya hakimu, ndani ya siku 90. Chukua nakala ya uamuzi iliyothibitishwa mapema, kwani siku zinahesabiwa.

FIR imefunguliwa kwa amri, lakini mpelelezi amekaa kimya.
Ndani ya siku 90 anapaswa kukujulisha upelelezi umefikia wapi. Asipofanya hivyo, rudi kwa hakimu. Shauri la Sakiri Vasu la 2008 linasema anaweza kusimamia upelelezi ufanyike ipasavyo. Polisi wakiomba jalada lifungwe, hakimu lazima akupe taarifa kwanza, nawe unaweza kuwasilisha pingamizi.