Somo: Kumhamishia Nora ughaibuni

Leo tunamchukua Nora, mke katika A Doll's House, tamthilia ya Henrik Ibsen, mwandishi wa Norway, iliyoigizwa mara ya kwanza Copenhagen mwaka 1879, tumwandikie hadithi mpya akiwa mhamiaji Uingereza ya sasa.

Hatua ya 1: Tafuta kilichomfunga. Wengi huanza kwa kumpa simu na jina jipya, kumbe bado hajahama. Enzi zile mke hakuweza kukopa bila idhini ya mumewe. Nora alitaka kumpeleka mumewe mgonjwa Italia, akaghushi saini ya baba yake kama mdhamini wa mkopo.

Hatua ya 2: Tafuta kifungo cha leo. Mimi ningechagua viza ya mwenza. Anayeingia nayo hupewa miezi 33, kisha huomba mingine 30. Ukazi wa kudumu ni baada ya miaka mitano. Muda wote huo ruhusa yake imeegemea ndoa. Nora huyu akitoka nyumbani, huenda ndiyo safari ya kutoka nchini.

Hatua ya 3: Karatasi. Hapa msiharakishe, maana ndipo penye utamu. Nora wa Ibsen anaumbuliwa na tarehe: baba alifariki Septemba 29, saini yake ikaandikwa Oktoba 2. Siku tatu tu! Na maisha ya mhamiaji ni fomu, mihuri na tarehe. Basi mkalishe mezani usiku. Amejaza jina la baba, kalamu imesimama kwenye kisanduku cha tarehe. Anaigeuza karatasi, anaigeuza tena. Mtoto anakohoa chumbani. Anaandika. Msitueleze anavyojisikia.

Hatua ya 4: Lugha. Mume awe ndiye mkalimani wake, kila habari imfikie ikiwa imechujwa.

MASWALI

Mwalimu, ni lazima mwishoni amwache mumewe na kuondoka, kama Nora wa Ibsen?
Si lazima, ndugu yangu. Ila afike mlangoni akijua vizuri atakachopoteza. Akibaki, abaki kwa uamuzi wake, si kwa huruma yako.

Nikibadilisha jina, msomaji atamtambua?
Atamtambua kwa ile saini.

Shikamoo mwalimu. Mume wangu wa hadithi nimemfanya mkatili, anampiga. Ni sawa?
Marahaba. Mpunguze, mwanangu. Torvald, mume wa Nora kwa Ibsen, hampigi. Humwita kwa majina ya ndege. Mfanye mtu mpole, anayemtunzia mkewe pasipoti kwenye droo yake mwenyewe, "isije ikapotea."